Faili la Dada

Jumatatu, 6 Machi

Mvua zimeanza leo. Daftari hili nimelitoa kwenye rundo la yale ambayo kiwanda kilikosea kuyapiga mistari. Imekwenda mshazari, ofisi haiyataki. Mwandiko wangu nao ni mshazari, tutapatana.

Nianze na kazi. Daktari akishamwona mgonjwa, anaandika ugonjwa kwa maneno. Faili linashuka kwetu chini, nasi tunayageuza maneno kuwa msimbo, herufi moja na tarakimu zake, ndiyo lugha ambayo kompyuta inaelewa. Zamani nilikuwa nawaambia watu naweka kodi za magonjwa, yaani "code" ya Kiingereza. Jirani mmoja alisikia neno "kodi" tu, akakwepa salamu yangu mwaka mzima akidhani natafuta wasiolipa. Siku hizi nasema naandika mafaili.

Mimi nimepewa herufi F, magonjwa ya akili. Mengi yanayonifikia ni ya hofu. F41.0 ni hofu inayomvamia mtu ghafla. F41.1 ni wasiwasi usiokwisha, wa kila siku na kila jambo. F41.9 ni wasiwasi ambao daktari hakuwa na muda wa kusema ni upi.

Chumba chetu kiko chini ya ardhi. Dirisha ni moja, juu kabisa, usawa wa barabara, kwa hiyo watu tunawajua kwa viatu. Mlango ni wa vyuma na unafungwa kwa sababu mafaili ni siri. Ufunguo anao Mkuu wa idara. Ukitaka kwenda haja unamwomba.

Jumanne, 7 Machi

Mvua. Leo nimemaliza faili 118.

Alhamisi, 9 Machi

Nimefika nyumbani saa kumi na moja na nusu badala ya saa kumi na moja. Dada alikuwa amesimama dirishani, mkono kifuani.

"Umechelewa."

"Mvua, Dada."

"Nilifikiri umegongwa."

Kila siku nimegongwa. Nikikawia dukani nimegongwa, nikikawia bafuni nimeanguka. Anazunguka chumba kama mtu aliyepoteza kitu. Anatokwa jasho wakati mimi nimevaa sweta. Chai akiimimina nusu inaingia kikombeni, nusu mezani, kwa jinsi mikono inavyotetemeka, kisha anasema, "Nisamehe, mdogo wangu." Kwa siku naweza kuisikia nisamehe hiyo mara kumi.

Najua nilivyolelewa. Mama alipofariki nilikuwa na miaka kumi na mmoja, yeye ishirini, na cherehani moja. Alishona sare za shule za mtaa mzima, na yangu aliishona ya mwisho kwa sababu haikuwa na mtu wa kuigombea. Kitu alichoniahidi, sikumbuki kimewahi kukosekana. Lakini huyo alikuwa mtu mwingine. Huyu wa sasa ameacha kushona, ameacha kutoka, na ni mwaka wa nne sasa mimi siendi popote pasipo ruhusa ya moyo wake.

Nimeyaandika haya na sijayafuta.

Jumanne, 14 Machi

Mvua. Faili 121. Kiatu chekundu kimepita dirishani mara mbili.

Ijumaa, 17 Machi

Mwalimu wa hesabu amekuja kuchukua karatasi yake ya kliniki. Tunamjua, huja kila mwezi. Ni F41.0, nilimwandika mwenyewe mwaka jana. Leo alikuwa na muda, akanisimulia kupitia vyuma vya mlango.

"Chaki ilianguka. Nikaona darasa zima linarudi nyuma, kama mtu anavuta chumba kwa kamba. Nikasema basi, nakufa mbele ya watoto, na mlinganyo haujaisha."

"Ukafanyaje?"

"Nilikimbilia chooni. Nilikimbilia huko miezi minne, mpaka wakaniita Mwalimu Tumbo." Akacheka. "Daktari alinipima kila kitu kwanza. Moyo, damu, kila kitu. Ndipo akaniambia hii ina jina, ina dawa, ina mazoezi yake. Unajua, kitu kikipata jina lake, nusu ya mzigo inashuka."

Nilimpa karatasi yake nikarudi mezani nimenyooka mgongo. Ni nadra mtu kutushukuru.

Jumatatu, 20 Machi

Mvua. Faili 124. Mkuu amesema tukifika 130 kwa siku atatununulia feni. Feni, na sisi tunatetemeka kwa baridi.

Alhamisi, 23 Machi

Bi Miwani, mwenzangu wa meza ya pili, ametualika sisi wa ofisini Jumapili kula kwake. Ni mama wa makamo, mafaili anayasoma kwa kuyasogeza puani. Nilimwambia Dada mapema ili ajiandae.

"Saa ngapi utarudi?"

"Saa tisa."

"Ikifika saa tisa na robo?"

"Dada, ni chakula tu."

Hakubisha. Alikaa kitandani, akashika mkono mmoja kwa mwingine ili utulie. Nikasema siendi. Kwa jinsi nilivyosema, heri ningepiga kelele. Mchumba wangu aliniacha kwa jambo hili hili, na siku ile alisema maneno ambayo leo nimejikuta nayarudia kimoyomoyo: wewe una mke tayari, anaitwa wasiwasi.

Jumapili, 26 Machi

Sikwenda. Tumeshinda ndani, mvua imeshinda nje.

Jumatatu, 3 Aprili

Saa tisa alasiri jirani alipiga simu ya ofisi. "Njoo, dada yako anasema anakufa."

Nilimaliza kwanza faili lililokuwa mkononi. Naliandika hilo kwa sababu ndivyo ilivyokuwa. Niliweka msimbo, nikapiga saini, nikafunga jalada, ndipo nikamwomba Mkuu ufunguo.

Nilimkuta sakafuni, mgongo ukutani, mdomo wazi kama samaki. Ukimtazama shingoni ulikuwa unaona moyo unavyopiga. Jirani alitusaidia hadi chumba cha dharura. Daktari wa zamu alikuwa kijana mwenye macho ya usingizi. Alimpima mapigo: mia na thelathini na mbili. Akageukia kompyuta, akatelezesha kidole, uso ukalegea.

"Aa. Amekuja mara nne kwa hili hili." Akaniuliza mimi, si yeye. "Unajua tatizo lake?"

"F41.0," nikasema.

Akainua macho. "Uko idara gani?"

"Kumbukumbu."

"Basi tunaelewana." Tukacheka kidogo, sisi wawili. Dada alikuwa amelala katikati yetu, macho yake yakitoka kwa mmoja kwenda kwa mwingine.

Alimpa kidonge cha kumtuliza. Hakumgusa tena. Njiani Dada aliniuliza ile F ni nini. Nikamwambia ni namna ya kusema woga.

"Kwa hiyo wote mnajua," akasema. "Ni mimi tu."

Jumanne, 4 Aprili

Mvua. Faili 109. Mkuu ameniuliza kumetokea nini, nikasema mafua.

Jumatano, 12 Aprili

Dada amevunja kikombe cha mwisho katika vile vya mama. Aliokota vipande huku akiniomba radhi, nami nikasema si kitu, kwa sauti ambayo hata mtoto angejua kwamba ni kitu. Amekonda. Gauni la kijani alilojishonea linamning'inia kama liko kwenye msumari. Nimemwambia ale. Akasema anakula kuliko mimi. Na ni kweli, sasa ninapofikiri: sufuria ninaikuta tupu.

Jumatano, 19 Aprili

Leo maji yameingia.

Saa nne asubuhi mtaro wa barabarani ulifurika, na dirisha letu ndilo lililokuwa njia. Kwanza ulikuwa mchirizi ukutani. Bi Miwani aliweka ndoo, akarudi kufanya kazi. Kisha kioo kikaachia na maji ya rangi ya chai yakashuka juu ya rafu. Mkuu alikuwa ghorofani kwenye kikao, mlango umefungwa, ufunguo anao. Tuligonga vyuma kwa rula na miguu ya viti. Kwa robo saa nzima tulikuwa watu wanne tuliofungiwa pamoja na maji yanayopanda, na nakiri moyo wangu ulikwenda mbio, viganja vikalowa, nikaona chumba kinabana. Bi Miwani alinishika bega. "Pumua, mwanangu. Maji ya magoti hayaui mtu."

Mlango ulipofunguliwa tulipandisha mafaili ya rafu za chini hadi ukumbi wa juu. Yaliyolowa tukayafungua, karatasi moja moja tukazitandaza mezani na sakafuni zikauke. Nilikuwa nimepiga magoti, natenganisha kurasa zilizogandana, nilipoliona jina la Dada kwenye jalada.

Sikulitafuta. Ila nililisoma, na hakuna aliyenituma.

Ukurasa wa kwanza ni wa miaka minne iliyopita. Mwandiko wa daktari wa kike aliyehama zamani, mzuri, wa kusomeka. "Mapigo ya haraka. Mikono inatetemeka. Amepungua kilo saba ingawa anakula vizuri. Havumilii joto. Shingo imevimba kidogo mbele." Chini yake: "? Wasiwasi wa ghafla." Alama ya kuuliza kubwa, imekaa mbele ya neno kama mtu aliyezuia mlango. Kisha: "Apimwe damu, tezi ya shingo. Arudi baada ya wiki mbili."

Pembeni, kwa wino mwekundu wa ofisi yetu: F41.0. Na saini fupi, ule mkunjo kama ndoano.

Saini ni yangu.

Wakati ule karatasi zilikuwa zinatufikia kwa namba tu, jina linabaki kwenye jalada, na karatasi tulikuwa tunazipitia kama mtu anayemenya maharage. Sikujua ni yeye. Lakini kanuni nilikuwa naijua, ni ya wiki ya kwanza ya mafunzo: mgonjwa wa nje, asiyelazwa, daktari akiandika kwa shaka, usiandike ugonjwa. Andika dalili. Moyo kwenda mbio una msimbo wake, R00.0, hauhukumu mtu. Ila ofisini tulikuwa na usemi wetu, tulioupata kwa Mkuu: kompyuta haina alama ya kuuliza. Dalili zinaleta maswali, maswali yanachelewesha faili. Kwa hiyo tulikuwa tunaiacha alama juu ya karatasi na kuliteremsha neno peke yake.

Nyuma yake kuna ziara nyingine nne, pamoja na ile ya mwezi huu. Kila daktari ameanza kwa kuandika "Mgonjwa anayejulikana kwa F41.0." Hakuna aliyeandika neno shingo.

Bi Miwani aliniuliza mbona nimekaa kwenye maji yaliyochuruzika kutoka kwenye mafaili.

Alhamisi, 20 Aprili

Nilimpelekea Mkuu ule ukurasa. Aliusoma, si mtu mbaya, aliusoma mara mbili.

"Sisi hatutibu," akasema. "Tunaandika kilichoandikwa."

"Hakikuandikwa, Mkuu. Daktari aliuliza. Mimi ndiye niliyejibu."

"Na faili la ndugu yako umelisoma kwa idhini ya nani?"

Nikamwomba asaini fomu ya kumrudishia daktari swali. Tunazo, zimejaa kabati, sijawahi kuona imetumika. Alikataa. Alisema nikifungua moja nitafungua zote, na mvua hii, na rafu hizi.

Jioni nilimuuliza Dada kama aliwahi kupimwa damu mwaka ule.

"Nilirudi baada ya wiki mbili, kama alivyosema yule mama. Nikamkuta daktari mwingine. Akatazama kompyuta, akasema kipimo hakina haja, mimi ni mtu wa wasiwasi." Alikuwa anakunja nguo. "Nikasema labda. Nilikuwa na wasiwasi kweli, wa kile kipimo."

Jumatatu, 24 Aprili

Nimechukua ruhusa ya mafua, uongo ule ule wa mwanzo. Nimempeleka Dada kliniki ya mchana, na ule ukurasa nimeutoa nakala, hata mikunjo ya maji inaonekana.

Tumekaa foleni kwa muda wa saa nne. Kila dakika tano alitaka turudi nyumbani. Zamani ningemwambia atulie. Leo niliweka kidole kwenye kifundo cha mkono wake na kuhesabu. Mia na ishirini na nne, na tumekaa tu. Nilijaribu kufikiria moyo wangu ukifanya hivyo nikiwa nakula, nikiwa naoga, usiku, miaka minne, halafu mtu aliye karibu nami ananiambia nipunguze woga.

Daktari alikuwa mwanamke wa umri wa Dada. Alianza kugeukia kompyuta.

"Daktari," nikasema, "tafadhali soma hii kwanza." Sikutaja ninafanya kazi wapi.

Aliisoma. Akaiweka chini, akavuta kiti hadi magoti yake yakakaribia ya Dada. "Chukua maji haya, dada. Usinywe mpaka nikwambie. Haya, meza."

Dada akameza. Kitu kikapanda na kushuka mbele ya shingo yake, kama yai dogo chini ya kitambaa. Naishi naye nyumba moja. Tunakula meza moja.

"Nani mwingine amekutazama hapa?"

"Yule wa kwanza," akasema Dada.

Ijumaa, 28 Aprili

Majibu. Tezi inafanya kazi kupita kiasi, tena mno. Moyo umeanza kuchoka lakini umewahiwa. Dawa mbili, kipimo kila baada ya wiki kadhaa, huenda mbele akahitaji zaidi.

Dada aliuliza: "Kwa hiyo sina wasiwasi?"

"Unao," daktari akasema. "Moyo wako ukimbie mbio miaka minne na watu wasikuamini, hata mimi ningekuwa nao. Huo nao tutautibu. Lakini tutautibu wa pili."

Faili lilishuka kwetu alasiri. Mkuu hakunipa. Bi Miwani ndiye aliyeandika E05, msimbo wa tezi, akaipuliza ikauke, akaniangalia juu ya miwani.

Nyumbani Dada aliniuliza ilikuwaje daktari huyu akaona wasichoona wenzake. Nikasema bahati.

Jumanne, 2 Mei

Mvua imepungua. Faili 96. Sasa nasoma kila mstari.

Jumanne, 9 Mei

Amelala saa sita mfululizo. Mimi sikulala, nilikuwa namsikiliza.

Jumatatu, 15 Mei

Nilirudi nikamkuta amekaa mlangoni, sindano mkono mmoja, uzi mkono mwingine. Akaniambia nisimame hapo hapo. Akalenga, akakosa, akalowesha uzi mdomoni, akalenga tena, ukapita. Akanionyesha kama mtoto anayeonyesha jino lililotoka.

"Miaka minne," akasema. "Bahati hii, mdogo wangu, ningeijua jina ningeiombea dua."

Nikashindwa kuendelea kuficha.

Nilikaa chini sakafuni nikamwambia yote. Alama ya kuuliza, wino mwekundu, saini. Kwamba waliokuja baadaye walisoma nilichoandika mimi, si alichoandika yule mama. Nilisema sikujua ni faili lake.

"Ungejua ni langu ungefanyaje?"

"Ningesoma vizuri."

"Na la mtu mwingine?"

Alichomeka sindano kwenye kitambaa, taratibu, kama mtu anayeogopa kukichoma.

"Sikia. Kuumwa nimeumwa, sikulaumu kwa hilo. Lakini miaka minne nimekuomba radhi. Kila kikombe, kila jasho, kila uliporudi umenuna. Nilikuwa nakuomba radhi kwa kuumwa, nawe ukawa unanisamehe."

Aliingia ndani. Nilipomfuata, chakula kilikuwa mezani, sahani moja tu, yangu.

Jumatano, 17 Mei

Hasemi. Anasalimia, basi.

Ijumaa, 19 Mei

Hasemi. Ametoka peke yake hadi dukani. Amekaa dakika arobaini. Nilisimama dirishani.

Jumatatu, 22 Mei

Barua ya onyo imekuja, kwa kusoma faili pasipo idhini. Ni haki, nimeisaini. Nikamwambia Mkuu kwamba tangu mwezi uliopita, wakati wa kurudisha yaliyokauka rafuni, nimekuwa naandika pembeni namba za mafaili yenye alama ya kuuliza mbele ya neno wasiwasi na msimbo wangu pembeni. Ni mia mbili na kumi na saba.

"Unataka nifanye nini?"

"Usaini fomu."

"Zote?"

"Wengi wao watakuwa na wasiwasi kweli, Mkuu. Sijui ni nani. Hilo ndilo tatizo."

Nje viatu vikapita, vikavu. "Tano kwa siku," akasema mwishowe. "Baada ya saa za kazi. Na usiniletee ukiwa umenuna." Bi Miwani tayari alikuwa amefungua kabati la fomu.

Jumatano, 31 Mei

Faili 101, fomu tano. Daktari mmoja amezirudisha na kuandika "Hatuna muda." Wa kliniki ya mchana amezirudisha tatu zimejibiwa.

Jumamosi, 3 Juni

Dada ameondoka leo asubuhi.

Fundi mwenzake wa zamani ana chumba nyuma ya duka lake, mitaa miwili kutoka hapa, na kazi ya sare imewazidi. Waliyapanga wao kwa wao, mimi nimeambiwa jana. Alikuwa amevaa lile gauni la kijani, amelipunguza kiunoni, na tayari linaanza kumbana, akasema itabidi alifumue tena. Nilimbebea cherehani hadi barabarani.

"Dada, kama ni kwa sababu ya lile…"

"Ni kwa sababu ya lile," akasema. "Na ni kwa sababu naweza. Usizichanganye."

"Utanisamehe?"

Alinitazama, macho yaliyotulia, sikuwa nimeyaona muda mrefu. "Nitakusamehe. Lakini si kwa haraka ili wewe upate usingizi. Nitakusamehe nikiwa tayari, na utajua, kwa sababu nitakuja kula." Akanishika kichwa kama alivyokuwa akinishika kabla ya kwenda shule, sekunde moja tu, akashika cherehani upande mmoja, na yule fundi mwenzake, aliyekuwa akimsubiri, akashika wa pili.

Nilirudi ndani. Miaka minne nimekuwa nikisema laiti nipate siku moja, moja tu, ya kwenda nitakako bila mtu kusimama dirishani. Nimefua shati. Nimevaa viatu. Nimekaa ukingoni mwa kitanda chake, mlango uko wazi, jua liko nje, nikijaribu kukumbuka hata mahali pamoja nilipokuwa nataka kwenda.

Saa kumi na moja na nusu sasa. Bado nimevaa viatu.